Sekunde Thelathini

Mimi ndiye mkono ulio juu ya picha,
ule usiouona.
Fimbo ya mita tatu, maikrofoni imevaa manyoya
kama paka aliyenyeshewa,
na bega langu la kulia, tangu filamu ya kwanza,
limeshuka kuliko la kushoto.
Mshonaji wangu wa Birere hata hanipimi tena.

Jana tulipiga picha Majengo, uani kwa mama Kanyere.
Mjane anapokea simu. Hasemi kitu.
Ndivyo Byamungu alivyoandika: hasemi kitu,
akapiga mstari chini yake, mara mbili,
asijue kwamba amenipa mimi kazi ya siku nzima.

Maana Goma haijui kutosema kitu.
Chukudu inateremka na magunia ya makaa,
gurudumu la mti juu ya jiwe la volkano.
Helikopta. Kwaya iko mazoezini,
sauti ya tatu imepotea tangu ubeti wa kwanza.
Na kinyozi, na jenereta yake.

Nilimwendea kinyozi na faranga elfu tano.
"Siku hizi mnalipa watu wanyamaze?"
Dakika nne tu, kaka.
Akazima. Mteja wake akatoka kutuchungulia,
nusu ya kichwa imenyolewa, nusu bado,
taulo shingoni, akasimama kwa adabu
kama mtu aliyepita karibu na matanga.

Mwamini akaweka simu sikioni.
Kamera ilimwona amesimama, basi.
Mimi nilimsikia akimeza mate,
koo likijifunga, taratibu, kama komeo.

"Kata!"
Watu wakaanza kukunja nyaya.
Nikasema: msiondoke. Sekunde thelathini za chumba.
Wananichukia hapo. Wana njaa, sambaza zinapoa.
Lakini kila chumba kina kimya chake,
na fundi wa kuunganisha atakihitaji
kuziba matundu tuliyoyaacha.

Nyumbani nina sanduku la vimya.
Darasa la Katindo siku ya Jumapili.
Gari bovu njia ya Sake, mvua imekatika.
Na chumba cha shangazi yangu kule Buhene,
wiki mbili kabla ya moto wa mlima kukipitia.
Friji. Nzi mmoja.
Kisha, kwa mbali, mtu anakohoa,
na nimerudia mara nyingi, nimeziba sikio hili na lile,
siwezi kuapa kwamba ni yeye.

Filamu iliyopita tuliionyesha ukumbi wa parokia.
Jina langu lilipanda mwishoni, Kavugho bila g,
juu ya migongo ya watu waliokwisha kusimama.
Sikusoma hata hivyo.
Nilikuwa nasikiliza viti vya plastiki
vikiburutwa juu ya saruji, mia mbili kwa pamoja,
na mashine nimeiacha nyumbani.