Lifti Inayokula Sarafu

Lifti ya jengo letu kule Kutaisi
ilikuwa na tumbo la bati na mdomo mwembamba.
Ukiilisha sarafu, inapanda.
Usipoilisha, inanuna,
inakukodolea kitaa chake chekundu
kama jogoo aliyeamshwa kabla ya zamu yake.

Bibi Tsiala alisema sarafu ni za mkate.
Basi tulipanda ngazi, ghorofa saba,
yeye na kikapu cha vitunguu na jibini,
mimi na mkoba wa shule ukinipigapiga makalio,
na kila ghorofa ilikuwa na kipande chake cha hadithi.

"Palikuwapo na hapakuwapo," huanzia chini,
penye masanduku ya barua yaliyong'oka vifuniko.
Ya pili, kijana anaaga kwao.
Ya tatu panavuma kabichi ya mama Eteri,
na hapo ndipo jitu la vichwa tisa hujitokeza;
kwa nini hapo, sijui,
labda ndipo bibi alipoanza kuhema.
Ya tano tunapumzika. Jitu nalo linapumzika.
Ya saba jitu limeshakufa,
funguo ziko mkononi, viatu vinavuliwa.

Mama alikuwa Ugiriki, akimwogesha ajuza wa watu.
Kila Jumapili simu: "Wiki hii jitu lilifia wapi?"
"Ya sita, mama. Bibi alikuwa ameacha maharage motoni."

Kisha magoti ya bibi yakagoma.
Yalianza kwa kulia, kri, kri, kama mlango wa stoo.
Tukaanza kuilisha lifti.
Dakika moja kasoro! Hadithi gani hiyo?
Kijana anaaga, paa, jitu limekufa, tumefika.
"Bibi, umeruka vichwa saba."
"Viwili vinatosha kwa bei hii."

Februari moja umeme ukakatika
tukiwa kati ya ya nne na ya tano,
mimi, bibi, na mzee Avtandil na gunia lake la viazi.
Giza totoro.
Mzee akailaani serikali, akazilaani nyaya, akamlaani na mkwewe.
Bibi kimya. Nikaushika mkono wake:
ulikuwa unatetemeka, mkono ule ule
uliokata vichwa tisa kila siku ya Mungu
tangu nilipokuwa darasa la kwanza.

Nikasema, "Palikuwapo na hapakuwapo."
Mzee akanyamaza.
Nikalirudishia jitu vichwa vyake vyote:
kimoja kilikoroma, kimoja kilipenda siki,
kimoja kilikuwa na mafua na hakikutaka vita.
Kijana nikamtoa kwao polepole,
nikamfungia mkate, nikamwachia mlangoni mama
anayejua kuuliza.
"Kichwa cha saba," bibi akanikosoa gizani,
"kina makengeza."
Mkono ulikuwa umetulia.

Taa zikarudi. Lifti ikashtuka, ikajikohoza, ikapanda.
Kichwa cha nane kilikuwa bado hai.
Ya sita tuliipita.
Ya saba mlango ukafunguka,
na hakuna aliyetoka.

Mzee Avtandil, ambaye anakaa ya sita,
akaliweka gunia chini,
akapapasa mfukoni akitafuta sarafu.