Mara ya Tano

Kaka yangu Khaoya nimemzika mara nne,
mimi mwenyewe, kwa jicho moja,
la pili nimelifumba nyuma ya kamera.

Mara ya kwanza alikuwa mwizi wa kuku.
Alipigwa mawe ya sponji tuliyopaka majivu,
akaanguka kando ya reli, hapa Webuye,
akafa vizuri, akatulia,
kisha maiti akafumbua jicho, akauliza:
"Kivuli chako kimeingia?"
Kimeingia.
Akafa tena.

Pesa za mwigizaji hatukuwa nazo.
Akawa mwizi, akawa chifu,
akawa mchungaji anayekula sadaka za wajane,
na sokoni muuza omena akakataa kumpimia:
"Rudisha kwanza pesa za yule mama."
Khaoya alicheka hadi machozi.
Usiku, akihesabu sarafu, hakucheka.
"Basi ameamini," akasema.

Hadithi aliziandika kwa kalamu ya risasi
kwenye karatasi za kiwanda,
rimu sita alizobeba baba begani
siku geti lilipofungwa,
badala ya mshahara wa miezi saba.
Mama alitaka kuziwashia moto wa jikoni.
Khaoya akazilalia kama kuku anayeatamia.

Tuliuza baiskeli. Tukauza redio.
Nikauza cherehani yangu, sikuulizwa mara mbili,
tukanunua lenzi yenye mkwaruzo.
Tazama filamu zetu zote: kuna unywele wa mwanga
juu kushoto, penye mbingu.
Watu wa Bungoma husema ni mtindo.

Katika ya kwanza ana nywele.
Katika ya tatu ana kofia.
Katika ya tano kipara kinang'aa, nakipaka poda,
na shati ni lilelile.

Hiyo ya tano ilidai kaburi.
Vijana wakachimba nyuma ya nyumba, futi tatu.
Mama akaingia ndani, akafunga dirisha:
kifo ukikiita kwa mzaha, alisema, huitika kwa kweli.
Khaoya akashuka na suti ya baba,
akalala, akapanga mikono,
akaagiza kutoka chini, "Waombolezaji, msitazame kamera!"
Kisha, "Haya."

Wakalia. Binti wa Nasambu akarusha udongo kidogo.
Nikasubiri neno lake la kila kifo,
*kata*.
Halikuja.
Waliolia wakaishiwa, wakaanza kutazamana.
Nikasogea ukingoni, magoti yananisaliti,

nikaona kifua kinapanda, kinashuka.
Siku tatu alikesha akiunga picha
kwenye kompyuta ya kuazima.
Sasa alikuwa anakoroma, taratibu, ndani ya suti ya baba.

Hatukumwamsha.
Mtu mmoja aliinama akampangusa udongo shavuni
kwa ncha ya leso.
Nami nikaiacha kamera iende,
iende tu,
mpaka betri ilipokwisha.