Nyungo za Miguuni

Picha yako imefika, Gwimo. Nimeitazamia dukani kwa Chausiku,
maana hapa Nguruka simu yake ndiyo yenye kioo kizima.
Ameikuza kwa vidole viwili
mpaka nikayaona makamasi yaliyokugandia mdomoni.
Waliokuja kununua mafuta ya taa nao wakasogea.

Unasema hiyo ni theluji. Mimi weupe wa namna hiyo
niliuona mara moja tu, kiwandani Uvinza,
chumvi imelundikwa ikakaribia paa,
na mlinzi alipogeuka nikalamba kidole.
Wewe je, umeilamba?

Unasema mmelipa mtembezwe kutwa nzima porini,
mwanamke mmoja katangulia, filimbi shingoni,
nanyi kumi nyuma yake mmefuatana kama bata,
kila mtu kafungwa nyungo mbili miguuni asizame.

Hapo nilicheka hadi Chausiku akaniletea maji.
Mwanangu, umepanda ndege mbili,
ukatoa na fedha,
kwenda kuvaa nyungo za baba yako!

Au umezisahau? Zilining'inia juu ya mtungi:
fito za mkole zilizopindwa kwa moto,
katikati wavu mkuukuu wa kambale, kamba za ngozi.
Nilizivaa kuwavusha wahesabu ndege kule Sagara,
pale mafunjo yanapoelea juu ya maji
na ardhi inabaki kuwa neno tu.
Walimtaka korongo domo-kiatu.
Nikawaambia, huyo atatucheka,
yeye kiatu kakivaa mdomoni.

Usiburute, niliwaambia. Inua goti. Tua bapa.
Kisha ngoja mkeka ulio chini yako useme.
Ukilia chwii, simama.
Ukinyamaza kabisa, rudi ulikotoka.
Mchana tulikula juu ya kichuguu, kikavu pekee kutwa nzima,
ugali wa muhogo uliopoa na kambale wa moshi,
na ilipogonga saa tisa nikasema basi,
ndege aonekane asionekane,
jua halimsubiri mtu aliye katikati ya maji.

Unaandika kwamba wenzako walianguka, wewe hukuanguka,
na yule mwanamke akakuuliza umejifunzia wapi,
nawe ukamjibu, "Sijui."

Nimelirudia neno hilo mara tatu.
Chausiku akadhani herufi zimenishinda.

Hujui.
Ulikuwa na miaka sita. Mama yako alikufunga
vifuniko viwili vya vikapu, akakushika mkono,
mkanifuata hadi kwenye mitego, wewe ukiimba chwii, chwii.
Nyabenda, na mguu wake wa kushoto uliotazama pembeni
kana kwamba wenyewe ulikuwa na safari nyingine.

Kule ziwani hakuna alama, unalijua hilo.
Unakanyaga, maji yanajifunga nyuma yako
kama mdomo wa mtu aliyeapishwa.
Miaka kumi na tisa alitembea nyuma yangu
na sikuwahi kuziona nyayo zake.
Siku ya kumzika tulimbeba.

Ila hapa, nyuma yako, kwenye chumvi hiyo isiyo chumvi,
kuna mstari unaokwenda hadi mitini:
wa kulia, sawa. Wa kushoto, pembeni.
Wa kulia, sawa. Wa kushoto
pembeni.

Nimemwomba Chausiku aikuze tena.
Amesema ikikuzwa zaidi ya hapo inageuka ukungu,
na kwamba chaji imekwisha, na kwamba treni inaingia
na ana ndizi za kuuza.

Gwimo, wakikutembeza tena, mpe mtu simu.
Usigeuke, usitabasamu, uso wako ninaujua.
Apige nyuma yako tu.
Apige mbali, kabla upepo haujafuta.