Gemu za Ovidio

Nafasi iliyobaki: gigabaiti mbili na vumbi.
Skrini imenikariria hivyo tangu asubuhi
kwa kile kimstari chekundu kilichoshiba hadi kooni,
na mchoro wangu wa daraja, kazi ya kufunga muhula,
unakataa kuhifadhika.

Kaka yuko ng'ambo ya mlango-bahari, Tierra del Fuego,
ananyoa kondoo, mia na ishirini kwa siku,
mgongo umepinda kama ndoana ya koti.
"Usifute kitu, Maite," alisema mlangoni, begi begani.
"Hata kimoja."
Alininyooshea kidole kama anayeaga mbwa mharibifu.

Gemu moja tu, ile ya malori yanayovuka bara la theluji,
inameza gigabaiti mia moja na kumi na mbili.
Kuipakua upya huku Punta Arenas, mtaa wetu wa mlimani,
ni siku tatu, upepo ukiridhia.
Kufuta ni kubofya mara moja.
Kuhamisha ni kuhamisha.

Nikachomoa diski kuukuu ya kompyuta ya shangazi Nélida,
ile iliyopasuka kioo ikabaki na moyo mzima.
Nikaichomeka kwa kebo ya kuazima.
Ikanguruma, ikakohoa, ikazunguka kama kinu chenye changarawe,
kisha ikapewa herufi yake, D,
kama mtoto aliyechelewa kuandikishwa shule.

Nikabofya: Hamisha.

Asilimia nne. Nikachemsha maji ya mate.
Asilimia kumi na moja. Mama akauliza kama nimekula.
Mwenda pole hajikwai, nilijiliwaza,
lakini hii ilikuwa inakwenda pole na bado inajikwaa:
faili elfu tisini, sauti za injini, vibao vya barabarani,
matone ya mvua yaliyochorwa moja moja na mtu
ambaye huenda hajawahi kulowa.
Saa nne usiku, jua la Desemba bado linajishauri kuzama.
Asilimia sitini. Themanini na mbili.
Tisini na saba

na upepo ukang'oa bati la jirani, don Eleuterio,
likaangukia waya wa umeme,
na nyumba nzima ikafumba macho.

Nilikaa gizani na kikombe cha moto mkononi
nikiziona asilimia tatu zikielea mahali fulani
kati ya C na D, hazina kwao.
Nikatunga uongo wa kumwambia Ovidio.
Nikatunga wa pili, ulio bora.

Umeme uliporudi, alfajiri, gemu ilikuwa palepale pa zamani,
nzima, haijapungua hata tone.
Kumbe programu haihami kama sisi.
Hunakili kwanza, huhesabu, hukagua,
ndipo hufuta kule ilikotoka.
Baba alifanya kinyume:
alifuta kwanza.

Nikaanza tena kutoka sifuri.

Saa nane mchana ikaisha. C ikapumua.
Pale gemu ilipokuwa pamebaki kibao tu,
kijifaili chepesi kuliko jina lake,
kinachosema: usibishe hodi hapa, nenda D.
Kompyuta hukisoma na kwenda, haiulizi.
Barua za baba nazo bado huja kwetu;
mama huzikata anwani kwa kalamu ya bluu,
huandika Valdivia, namba ya nyumba asiyowahi kuiona,
na kuzirudisha posta akienda kununua unga.

Daraja langu limehifadhika. Nguzo sita. Nilipata alama za wastani.

Jumapili Ovidio akarudi, ananuka mafuta ya sufi,
akakaa kabla ya kuvua buti, akafungua gemu.
Tukaitazama skrini nyeusi. Tukaitazama.
Diski ikasaga changarawe yake chini ya meza.
Mwishowe lori likatokea mpakani pale alipoliacha,
taa zinawaka, theluji juu ya boneti,
dizeli robo tangi.

"Mbona leo inavuta miguu hivi?"

"Upepo," nikasema.

Akaguna, akatia gia.
Huku kwetu ukiutaja upepo, hakuna swali la pili.