Zamu ya Usiku, Maktaba ya Jabali

Mlango uko upande wa ziwa, chini ya jiwe
ambalo pimbi hulikalia kuota jua.
Hauna kitasa. Unaupigia mluzi,
ukikosea kidogo unakutana na mwamba mtupu
na pimbi wanakutazama kama mdaiwa.

Mimi si mkutubi. Ni mwosha fuwele.
Mkutubi ni Bi Nyanjige, mwenye miwani ya kioo kimoja;
kingine alikiazimisha mwaka wa mvua nyingi,
hakijarudi.

Kazi yangu: beseni, maji ya ziwa, kipande cha kanga kuukuu.
Fuwele isiyooshwa siku tisa huanza kusahau.
Husahau majina, kisha nani alimkosea nani,
mwisho hubaki na salamu tu,
mwangaluka, mwangaluka,
kama mgeni aliyesahau kilichomleta.

Hapa husomi kwa macho.
Unailowesha, unaibana kwenye mfupa wa shavu,
unaziba sikio la upande wa pili.
Waliokuja na haraka husikia mawimbi.
Waliokuja na kiburi husikia sauti zao wenyewe
na hutoka wakiisifu maktaba.

Juu zipo kesi za mipaka, hesabu za pamba,
namna tatu za kumwomba mkwe msamaha.
Chini kabisa, penye unyevu, wamo furu:
kila furu aliyetoweka na fuwele yake, ndogo kama jino la utotoni.
Mwekundu wa mgongo. Yule mvunja konokono.
Yule aliyelea watoto mdomoni.
Sangara alilila ziwa, rafu hakuifikia.
Hizo naziosha kwa kidole.

Jana umeme ulipokatika
na kilima cha Bugando kikabaki na jenereta moja inayokohoa,
aliingia mwanamke wa Igogo,
magamba ya sato yamemganda mpaka kwenye viwiko,
yanameta kuliko rafu zetu.
Holo Lushinge, alijiandikisha.
"Namtaka mama anavyonisema.
Sitaki wosia. Sitaki ushauri.
Nataka siku niliyovunja chungu
akanisema mpaka kuku wakapanda kulala."

Daftari likasema imo, rafu ya nane.
Nikaikuta kavu. Siku kumi na moja.
Zamu zangu hizo; nilikuwa nimelala juu ya beseni.
Yapo makosa ambayo hayajapangiwa faini.

Akaibana shavuni. Akangoja.
Akahamia shavu la pili.
"Inanisalimia tu," akasema.

Nilifungua mdomo kutoa pole
naye ameshashika kiuno, ameshaanza kuisema fuwele:
We! Chungu cha bibi yako!
Hiyo mikono ama miiko? Nakuuliza!
Unatembea huku shingo iko Kayenze!
Aliisema kwa koo la mtu mwingine,
akaisema mpaka mate yakairukia,
akacheka katikati, akarudi, akaisema tena,
na ile fuwele iliyofifia kama jicho la samaki wa juzi
ikaanza kuona.

Bi Nyanjige alisimama mlangoni na kibatari.
Hakunigombeza, nami nilitamani anigombeze.
Alichovya kalamu, akaandika kwenye safu ya waliochangia:
Holo, binti wa sauti hii.
Kisha akaenda kulala.

Karibu na alfajiri niliteremka kwa furu.
Nani wa kuwasema hawa?
Aliyewavua kwa kikapu hajui mluzi wetu,
na wajukuu zake wanajua minofu tu.
Nikachukua fuwele ya mvunja konokono,
nikailowesha, nikaibana.
Kitu kama kokoto kikavunjika mbali sana.

Nikajaza mashavu maji.
Nikaachama, nikafumba, nikaachama,
polepole, nikijaribu kuikumbusha.
Nje pimbi walikuwa wameamka.