Foleni ya Nkafu

Nsimire haanzi na kamera.
Anaanza na kigoda. Anakiweka kando ya bomba la Nkafu,
anakaa asubuhi tatu, mikono mapajani,
mpaka watoto wachoke kumzomea,
mpaka Mama Cibalonza wa sambaza amwambie,
"Wewe, kama ni kukaa tu, nishikie sahani."
Siku ya nne ndipo anafungua mkoba.

Mimi nilishika sauti:
kinasa kimefungwa kwa tyubu ya baiskeli kwenye mpini wa fagio,
kimevishwa soksi ya mtoto, upepo wa ziwa usikisumbue.
Mshahara wangu ulikuwa nauli, maharagwe na ahadi.
Maharagwe hayakukosa.

Alichopiga ni bidoni.
Bidoni za manjano, mia na ushei, zimepangwa tangu usiku
kufuata mteremko, kila moja imesimama badala ya mtu wake.
Moja kizibo chake ni gunzi.
Moja imechorwa PAPA JOLI kwa msumari wa moto.
Mbili zimefungwa kamba pamoja kama mbuzi wa mnada.
Wenyewe hawapo.
Bomba halitoi kitu, kamera haisogei.
Dakika ya ishirini anapita kuku.
Hilo ndilo tukio.

"Dada, kamera yako iko inalala?"
"Hapana. Iko kwenye foleni. Ni ya mia na kumi na nne."

Usiku, umeme ukirudi, saa nane, saa tisa,
anachambua sauti na picha kama mchele na mawe,
halafu anarudisha mawe.
Ngurumo ya Ruzizi anailaza chini ya bidoni kavu.
Juu ya kuku anaweka mwanamke anayetaja bei ya kiwanja.
Na pale umeme ulipokatika tukiwa tunarekodi nyumbani kwa mtu
giza lile hakulitupa:
dakika nne za weusi,
ndani yake mtu anakohoa,
mtu anasema, "Cikuru, shika mlango."

Barua ikaja kutoka mbali. Kazi nzuri, walisema,
ila machozi yako wapi? Bunduki je?
Angalau uso mmoja.
Nilikuwa nadaiwa kodi ya miezi miwili.
Nikamwambia, weka basi machozi kidogo,
hata ya kitunguu.
Hakunijibu. Alinivisha spika za masikioni, akaongeza sauti,
nikasikia nilichokuwa nimekishika mwenyewe bila kujua:
upepo ukipita juu ya midomo ya bidoni wazi,
kila moja na mlio wake, nyembamba, nene,
kijiji kizima kikivuta pumzi kwa pamoja.
Sikuongeza neno. Kodi nilikopa.

Tuliionyesha palepale, juu ya shuka, ukuta wa duka la chumvi.
Nilidhani watalala.
"Ile yangu!" "Na ile, yenye gunzi!"
Wakahesabu. Wakatambuana kwa mikwaruzo.
Dakika ya arobaini na saba Papa Joli akasimama:
"Rudisha nyuma."
Ukarudi.
Pembeni kabisa mwa picha, mkono
unainua bidoni moja, unaivusha mbele ya nyingine sita,
unapotea.
Miezi mitano tumeitazama filamu ile, mimi na yeye,
fremu kwa fremu, na mkono hatukuuona.
Kwenye kidole, magamba ya sambaza yanang'aa.

Kimya. Kisha Mama Cibalonza:
"Nilimwambia anishikie sahani.
Sikumwambia anishike mimi."

Walicheka mpaka shuka ikatikisika.
Papa Joli alicheka wa mwisho, na si sana.

Baadaye, tukikunja nyaya, Nsimire alimfuata.
Nitaikata, mama. Ni sekunde tisa tu.
Yule akafunga kanga upya, akafikiri.
"Iache," akasema. "Ila uniandike."

Sasa filamu ikiisha, baada ya weusi,
hakuna jina la Nsimire, langu halipo.
Kuna mstari mmoja, mweupe, unakaa muda mrefu kuliko inavyohitajika:
Cibalonza, mkono.