Neno Ambalo Hakimu Hakulisema

Mimi ndiye niliyeichapa ile hukumu.
Mvua ya Tukuyu siku hiyo haikunyesha,
iliketi tu, kama jamaa wa mshitakiwa,
benchi la nyuma, koti limelowa, kimya.

Anyosisye Mwakabungu, simama.
Kosa la kwanza, miche kumi na tisa ya bangi
katikati ya migomba: miaka mitano.
Kosa la pili, debe moja darini, juu ya mahindi: miaka minne.
Kosa la tatu, misokoto saba mfukoni mwa koti,
koti lenyewe la marehemu baba yake:
miaka mitatu.
Nukta.
Hakimu akavua miwani, akaifuta,
akaniuliza kama faili linalofuata lipo.

Lilikuwepo.

Koridoni Subilaga akanishika mkono wa sweta.
"Karani, ni mitano, au ni mingapi?"

Nikamwambia, mama, miaka ya jela ina mwendo wa namna mbili.
Kuna kwenda pamoja:
yote inaingia lango moja, siku moja,
mirefu inaibeba mifupi kwapani,
ukimaliza mirefu umemaliza.
Na kuna kufuatana:
mitano ikiisha, minne iko mlangoni na blanketi lake,
na nyuma ya minne, mitatu inapiga miayo.

"Ya kwanza ni mahindi na maharage," akasema.
"Shimo moja, mvua moja, palizi moja."
Ndiyo.
"Na ya pili ni kama kuzaa.
Uchungu wa huyu haukupunguzii wa yule."
Sikuwa na kifungu cha kumjibu.

"Sasa yeye kapewa ipi?"

Hakimu hakusema, mama.
Na sheria ukiiona imenyamaza usidhani imelala.
Pasipotamkwa *pamoja*, ni kufuatana.

Akahesabu kwa vidole, vikamwishia,
akaazima viwili vya mtoto aliyemshika mkono.
Tumpe ana miaka sita.
Kwa hesabu moja, baba atamkuta darasa la tano,
kwa nyingine atamkuta na kumi na minane,
pengine na mtoto mgongoni.
Kimya kile, nilichokichapa kwa nukta,
kilikuwa na urefu wa miaka saba.

Wiki moja kabla, alisimama pale pale
bwana mmoja wa Tunduma mwenye gari na kete.
Makosa manne. Wakili wake akainuka, akainama kidogo:
"Mheshimiwa, tunaomba adhabu ziende pamoja."
Zikaenda pamoja.
Ndiyo hivyo. Aliomba.
Mwakabungu hakujua kuwa kuna cha kuomba;
alipoulizwa ana la kusema
alisema ng'ombe hajakamuliwa.

Usiku nilibaki na kompyuta.
Kijistari kilipepesa baada ya *mitatu*,
kikanionyesha nafasi iliyobaki mstarini.
Herufi sita. Nani angejua?
Sikuandika.
Sijui kama ule ulikuwa uaminifu au woga,
kwangu hivi viwili huvaa sweta moja.

Lakini asubuhi nilimfuata sokoni, kwenye ndizi zake,
nikamwambia: siku kumi, mama, kumi tu.
Bwana jela ana fomu. Aweke dole gumba.
Akauliza bei. Nikasema bure.
Hakuniamini, akanifungashia mkungu.
Niliukataa.
Baadaye nikajilaumu kwa namna nilivyoukataa.

Siku ya tisa akaja dirishani,
karatasi ndani ya kifuko cha sukari,
dole la bluu limechovya hadi kwenye kiungo.
Sababu za rufaa zingeletwa baadaye, nikamweleza.
"Hiyo baadaye yenu siijui," akasema.
"Niandikie lile neno hapa hapa. Kubwa."

Nikaliandika, chini ya dole, herufi sita,
nikagonga mhuri: LIMEPOKELEWA.
Kupokelewa si kukubaliwa, mama, nikaanza kusema.

Alikwishafika getini,
anamfundisha Tumpe kulisoma.